Eda ya Mariamu

Nakumbuka jioni moja iliyonuka hina mpaka mlangoni kwangu, mwanangu, na hadi leo mtu akipita karibu na hina mbichi mkononi, mimi nageuza uso. Si kwamba hina ina ubaya. Hina ni nzuri. Hata mimi na uzee huu ukinipaka nitakubali, nionekane bibi harusi asiye na meno.

Lakini kwanza nikuambie kwa nini nimekuita ukae hapa na uache hiyo simu. Jana nilipita kwa Bahati, yule kinyozi Mkongo wa hapa Kyebando aliyelitoroka jeshi la kwao, nikakusikia wewe na wenzako. Mmekaa kwenye benchi lake, mnanyolewa kwa bei ya huruma, na bado mnamchokoza. Unanijua, sauti ya mtu hainipiti hivi hivi. "Komando! Leo risasi ikilia utaruka dirisha gani?" Huyo ni wewe, na hicho kicheko chako cha mbuzi. Na mwenzako mwenye tumbo: "Mwache, jeshi lake lilikuwa la mashindano ya mbio!" Halafu Bahati, mashine mkononi, sauti ya chini kama ya mtu asiyetaka kuamsha mtoto: "Mimi sina neno, bandugu. Geuza kichwa."

Mkacheka tena. Mimi nikapita na muhogo wangu. Nilitaka kurudi niwapige na huo muhogo, ila ulikuwa wa chakula cha jioni.

Basi sikiliza. Mimi sijasoma, kalamu naijua kwa kuiona tu mikononi mwa wengine. Nilichopewa ni sikio, na ulimi unaolifuata sikio kila linapokwenda. Tangu utoto nilikuwa naweza kuwa mtu yeyote. Padri, mama mkwe, yule Mganda wa maziwa: "Nyabo, reo maziwa ni kidogo, ng'ombe amekasirika." Wakati ule wa serikali ya wanajeshi nilikuwa bado msichana, nina mtoto mmoja, Ajio wangu, bado ananyonya. Nimeolewa na koplo, mtu wa kwetu Arua, jina lake Anguyo. Tulikaa kambini, hapa hapa Kampala, kwenye laini, zile safu za vyumba vya askari wenye familia. Ukuta mmoja, huku wewe, huku jirani. Jirani akipiga chafya, unamwombea afya ukiwa kitandani kwako.

Anguyo alikuwa mtu wa maneno machache. Nilikuwa namtania, namwambia watu wengine wameolewa na wanaume, mimi nimeolewa na mlango. Yeye ananitazama, anacheka kwa pua, basi.

Upande wa pili wa ukuta alikaa rafiki yake, Juma, Mnubi wa Bombo, na mke wake Mariamu. Walikuwa na mtoto mmoja, Saidi. Juma alikuwa kinyume cha Anguyo. Koo lake kama lina mchanga, na anaongea kuanzia getini mpaka nyumbani. Alipenda ngozi ya kuku kuliko mshahara. Mariamu akipika kuku, Juma anauliza ngozi kabla hajavua kofia.

Vita vikaanza huko kusini, mpakani. Malori yakaja, wanaume wakapanda. Juma na Anguyo walipanda lori moja. Juma alikuwa amesimama nyuma kabisa akipiga kelele: "Mama Saidi, kuku nikirudi! Mzima! Na koti lake!" Tulicheka, wanawake wote. Ukimwona mtu anaondoka na kelele vile, unajua atarudi.

Malori yalianza kurudi baada ya muda, lakini yalirudi na nafasi ndani. Tukaanza kuuliza. Ndipo mkubwa wa kambi, meja mmoja ambaye tumbo lake lilifika kabla yake, akatuita uwanja wa gwaride. Msikie sasa. "Wanawake yote! Sikiliza mimi! Bwana yenu iko mzuri. Ingine nakwenda kozi. Kozi mbali. Hapana lia-lia hapa! Kulia navunja roho ya jeshi. Mimi nasikia mwanamke nalia kwa laini, mimi natupa yeye ndani!"

Mwanamke mmoja akauliza, "Afande, kozi ya nini?"

Akafikiri. "Kozi ya... kozi!"

Jioni ile nilimwigiza mpaka watu wakashika mbavu. Kozi ya kozi. Ikawa utani wa laini nzima. Mtoto akichelewa dukani, yuko kozi. Paka akipotea, yuko kozi. Ndivyo tulivyokuwa, mwanangu. Tulikuwa tunacheka juu ya kitu ambacho hatukutaka kukitazama.

Sasa ndiyo tunafika kwenye ile jioni ya hina. Kulikuwa na uvumi kwamba Ijumaa watu wa kozi wanarudi. Nani aliuleta, sijui. Mariamu alikanda hina tangu asubuhi, na jioni akaja kwangu mikono bado ina hina mbichi, akakaa kizingitini. Majirani wawili wakaongezeka na vigoda vyao. Mariamu akaniambia, "Mama Ajio, hebu niitie Juma kidogo. Nimeanza kusahau anavyokohoa."

Mimi nilikuwa siombwi mara mbili. Nikatoa tumbo mbele, nikasafisha koo kama yeye, khm, khm, nikanguruma: "Mama Saidi! Ngozi ya kuku iko wapi? Huyu jogoo alizaliwa uchi?"

Wakacheka. Mariamu alicheka mpaka akapiga goti kwa mkono, hina ikapaka gauni, na hakujali. "Tena! Tena, kasuku wangu!"

"Mama Saidi! Mimi nimelinda nchi, wewe umeshindwa kulinda ngozi?"

Kitu kikaanguka nje, puu.

Alikuwa Anguyo. Amesimama njiani, vumbi mpaka kwenye kope, begi lake la jeshi limelala miguuni. Mume wangu amerudi kutoka vitani, na hanitazami mimi. Anatazama ndani, nyuma yangu, anamtafuta mtu aliyekuwa anaongea.

Mariamu akaruka. "Shemeji! Mmerudi! Mwenzako yuko wapi? Amebaki getini anapiga kelele?"

Anguyo akatazama mikono yake. Ile hina. Akaitazama muda mrefu.

"Yuko kozi, shemeji."

"Pamoja na wale wengine?"

"Pamoja na wale wengine."

Akaingia ndani. Hata Ajio hakumbeba.

Niliweka maji kwenye karai nyuma ya nyumba, nikamwosha miguu. Miguu ya mtu aliyetembea sana, sitaki kuisema. Akaniambia mambo yote akiwa anayatazama yale maji. Juma alipigwa na kombora barabarani, huko mbele ya Masaka, mchana kweupe. Hakufa pale pale. Aliomba maji, akapewa. Anguyo alikuwa na chandarua kipya, cheupe, hata hakijafunguliwa. Alijua Waislamu wanazika na nguo nyeupe, basi akamfunga nacho. Akachimba na wenzake wawili, pembeni ya shamba la migomba la watu. "Maneno yao siyajui," akaniambia. "Nikaanza Baba Yetu. Katikati nikaacha, nikaona labda namkosea."

Kisha wakubwa wakawaambia wote waliorudi: atakayemwambia mke wa mtu, na yeye atapelekwa kozi hiyo hiyo.

Nikamuuliza, "Sasa Mariamu?"

Akasema, "Mariamu amepaka hina."

Mlango ukafungwa.

Ijumaa ikaja, ikapita. Mariamu akasema basi itakuwa Ijumaa nyingine. Akaja tena kwangu na sambusa. "Niitie Juma." Nikajaribu, mwanangu. Nikasafisha koo. Khm. Na ile sauti ilikuwepo pale pale, nzima, inasubiri kutoka. Nikamwambia nina mafua. Akaenda kwake, akarudi na chai ya tangawizi, akanishika paji la uso kwa ule mkono wa hina. Nikanywa ile chai. Hakuna kitu kigumu nimewahi kumeza kama ile chai.

Na Anguyo alikuwa anaona yote hayo. Kila asubuhi Mariamu anapita na wanja machoni, manukato, kanga za rangi ya jua, anamsalimia: "Shemeji, hakuna habari?" Anguyo anajibu: "Hakuna, shemeji." Akaacha kula. Anasafisha bunduki iliyo safi. Usidhani alikuwa anaogopa kurudi vitani. Kurudi alikuwa tayari, jina lake lilishaitwa kwa lori la wiki ile. Risasi hakuniambia hata siku moja kwamba anaiogopa. Kilichokuwa kinamla ni yale maneno mawili: hakuna, shemeji.

Siku moja aliomba ruhusa kwenda kununua sabuni. Akaniambia nimfuate. Tulikwenda Old Kampala, kwa shangazi yake Mariamu. Tulimwita Habuba, ndivyo Wanubi wanavyomwita bibi. Alikaa chumba cha nyuma ya maduka yale ya zamani ya Wahindi, akisuka mikeka na vikapu vya rangi. Mdogo, mweusi, mkavu, na jicho lake likikushika huendi. Mimi mwenyewe, na ujeuri wangu wote, sikuwahi kumwigiza mbele yake.

Anguyo alikaa, akageuza kofia mkononi. Akazunguka, akazunguka. Mvua. Bei ya sukari. Mwisho akasema, "Habuba, kwenu Waislamu, mwanamke akifiwa, na hajaambiwa, inakuwaje?"

Mikono ya Habuba ikasimama kwenye ukindu.

Hakuuliza nani. Alikaa hivyo, midomo inacheza bila sauti. Halafu akasema, nami namsema kama alivyosema, polepole, kila neno limekaa mahali pake: "Mwanamke akifiwa anakaa eda. Miezi minne na siku kumi. Havai rangi, hapaki hina, hatoki ovyo. Analia, anaombewa, watu wanamletea chakula. Siku hizo ni zake. Na zinahesabiwa tangu mume alipokata roho, si tangu yeye alipoambiwa. Akiambiwa nusu zimepita, nusu zimepita. Akiambiwa zote zimekwisha, hana tena. Umenielewa, mtoto wangu? Kila asubuhi mnapomwacha avae rangi, mnamwibia siku."

"Nikisema watanichukua, Habuba."

"Sijakuuliza watakufanya nini. Nimekuambia siku zinapita."

Mkali! Nilitaka kumjibu. Nilitaka kusema, huyu ni mume wangu, ana mtoto, wewe umekaa hapa na ukindu wako. Lakini Anguyo alikuwa ameinama kama mtoto wa shule. Akauliza kitu kimoja tena, sauti imepungua kabisa. Akaeleza kuhusu chandarua. Akaeleza Baba Yetu aliyoiacha katikati.

Hapo ndipo nilimwona yule bibi analia. Alilia bila kukunja uso, machozi tu yanashuka. Akamshika kichwa Anguyo kwa mikono miwili. "Ulimfunika kwa nyeupe?" "Nyeupe, Habuba." "Basi nenda, Mungu anajua maneno yaliyobaki."

Kesho yake asubuhi Anguyo alivua sare. Aliikunja vizuri, suruali, shati, mkanda juu, akaiweka kitandani na bunduki pembeni. Akavaa shati lake la kanisani. Nikamwambia alichoweza kusema mke yeyote: "Baba Ajio, tuna mtoto." Akasema, "Najua. Nitapita Bombo nimwambie mama yake Juma, halafu nyumbani. Nikifika nitakutumia mtu." Kwa Anguyo hiyo ilikuwa hotuba.

Akambeba Ajio, akamnusa kichwani, akanirudishia. Akatoka, akaenda mlango wa pili. Angeweza kuita tu kupitia ukutani, kama tulivyozoea. Hakufanya hivyo. Alisimama mlangoni akabisha. "Hodi." Kama mgeni. Nadhani Mariamu alijua hapo hapo. Jirani yako wa siku zote akikubishia hodi na shati la kanisani, unajua.

Nilikuwa nyuma yake. Hakukaa kwenye kiti, alikaa chini kwenye mkeka. Akamwambia. Hakuzunguka hata kidogo safari hii. Akamwambia mahali, wakati, chandarua, shamba la migomba, njia ya kupafikia siku moja Mungu akipenda. Mariamu anatazama mdomo wake tu. Akauliza, "Alisema nini?"

"Aliomba maji. Halafu akasema viatu vya Saidi viko kwa fundi, kule Katwe. Usisahau kuvichukua."

Mwanangu, watu wanapenda kusikia kwamba wanaokufa wanasema maneno makubwa. Juma, na kelele zake zote, alisema viatu.

Mariamu akafungua mdomo. Na mimi nikajua, sasa inatoka ile sauti, na ikitoka laini nzima itasikia, na geti litafungwa, na Anguyo hajatoka. Anguyo naye alijua. Akamwambia, "Lia, shemeji. Usinisubiri mimi."

Mariamu akachukua pembe ya kanga, akaisokota, akaiuma. Akamwonyesha mlango kwa kidole. Kidole kile bado chekundu. Nenda kwanza.

Anguyo akachukua ndoo yetu, kama mtu anayekwenda kuteka maji. Mimi nilisimama mlangoni, nikaangalia mgongo wake unashuka njia ya geti. Hakukimbia. Wewe jana umesema askari mtoro anakimbia. Huyu alitembea, na ndoo, akasalimiana na mlinzi, na mlinzi akamtania kuhusu shati, nikaona wanacheka. Nyuma yangu nasikia Mariamu anapumua kwa pua, kwa nguvu, kama mwanamke anayejifungua na ameambiwa asisukume bado. Mgongo ukafika getini. Ukapita. Ukakata kona.

Nikageuka, nikamwambia, "Amepita."

Ndipo alipolia.

Sitaiigiza hiyo. Nimeigiza watu wote, hiyo hapana. Na sikiliza kilichotokea. Mwanamke wa nyumba ya tatu alikuwa anatwanga, akaacha. Bwana wake pia alikuwa kozi. Akatoka, akatazama mlango wa Mariamu, mchi mkononi, na yeye akaanza. Halafu wa nyumba nyingine. Halafu laini ya pili. Hakuna aliyeambiwa kitu, mwanangu, hakuna aliyehitaji kuambiwa. Kilio kilikwenda nyumba kwa nyumba mpaka juu kwenye nyumba za wakubwa, na yule meja akatoka na fulana, anapiga kelele, "Hapana lia! Nani nalia?" Wote. Angeweka ndani wangapi?

Na waume waliokuwepo, waliorudi kutoka mbele na kunyamaza kama Anguyo, nao walikuwa wamesimama milangoni mwao. Wanasikia wake za rafiki zao wanalia kilio walichozuiwa. Niliziona nyuso zao. Ninakuambia, jeshi lile liliondoka siku ile. Miguu ilifuata baadaye, mmoja mmoja, sare kitandani au kwenye migomba ya watu, lakini mioyo iliondoka asubuhi ile.

Polisi wa jeshi walikuja kwangu, wakapindua godoro, wakachukua bunduki na sare, wakaniuliza yuko wapi. Nikasema amekwenda kuteka maji. Wakanipiga makofi, wakaondoka. Wanawake wengine wakaanza kunipita bila salamu. "Mke wa mtoro," hivyo, nusu ya mdomo. Ubaya wa hofu ni huo, inatafuta mtu dhaifu wa kumwegemea. Na meja kwenye gwaride: "Mtoro ni mbwa! Mwanaume iko nabaki!"

Habuba alikuja jioni na nguo za eda amezikunja na kuzibeba kichwani. Alimwogesha Mariamu, akamsugua mikono kwa ndimu, ile hina ikagoma kutoka. Halafu akaja kukaa mlangoni kwangu. Alikaa tu pale, mtu wa heshima kama yule, ili kila anayepita amwone amekaa mlangoni kwa nani. Mmoja akapita, akatema mate pembeni, akasema lile neno. Habuba akamwita. "Njoo. Bwana wako alirudi lori moja na bwana wa huyu?" "Ndiyo, Habuba." "Alijua?" Yule mwanamke akavuta kanga kichwani, na Habuba akaendelea: "Walijua wote. Mmoja amesema, na kwa kusema amekosa nyumba. Sasa tema tena, nione."

Hakutema.

Na yule meja? Ah, subiri. Haikupita muda tukaanza kusikia mizinga kwa mbali, vyombo vinatetemeka kabatini. Asubuhi moja lori limesimama kwake. Godoro, godoro, kochi, friji, na mbuzi wawili wamefungwa juu ya kochi kama wageni wa heshima. Yeye amekaa mbele, suti ya raia, miwani. Nikamsogelea na mtoto mgongoni, nikamuuliza kwa adabu kabisa, "Afande, unakwenda kozi?" Dereva alicheka. Yeye aliangalia mbele. Lori likaondoka kuelekea kaskazini, mbuzi mmoja anatuaga.

Basi huyo naye alikimbia. Na kuna waliokimbia na vitu vya watu, na kuna waliofanya mabaya ambayo siwezi kukuambia hapa na chai iko mezani, kisha wakakimbia wasiulizwe. Siwafichi. Wote wanaitwa watoro, jina moja. Ndiyo maana nakuambia jina hilo halitoshi kumjua mtu.

Mariamu alikaa siku zake zilizobaki. Zilikuwa pungufu, lakini alizikaa. Tulihama wote, tukajibanza chumba kimoja huku Kyebando, mimi nampikia. Viatu vya Saidi nilikwenda kuvichukua mimi. Alipomaliza eda akaenda Bombo kwa mama mkwe wake, na akaniletea habari: Anguyo alifika. Alimwambia yule mama kila kitu kama alivyomwambia yeye. Alipewa uji, akanywa wote, akashukuru, akashika njia ya kaskazini.

Habari inaishia hapo.

Njia ile wakati ule, mwanangu, ilikuwa na kila aina ya mtu mwenye bunduki. Nilikwenda Arua baadaye, hawakumwona. Niliuliza kila aliyepita njia ile. Hakuna aliyekuja kunibishia hodi. Yeye aliyeacha kila kitu ili Mariamu aambiwe, mimi mke wake sijaambiwa. Mariamu alinishika mkono mwaka fulani akasema, "Dada, na wewe anza kulia sasa." Nikamwambia nitaanzaje, siku zangu zinahesabiwa tangu lini?

Watu wakinitembelea wanasema, Bibi, tuigizie huyu, tuigizie yule. Hata Juma nilimwigiza tena, Mariamu mwenyewe aliniomba uzeeni, akacheka akalia. Anguyo sijawahi. Mama yako, Ajio, hajui sauti ya baba yake. Amenisihi tangu msichana. Si kwamba nimeisahau. Mara ile nilipotoa sauti ya mtu aliyekufa, mume wangu alitokea mlangoni. Nikitoa ya Anguyo, na mlangoni asitokee mtu, nitakuwa nimejua.

Basi chukua haya kwa bibi yako. Ukisikia askari amelikimbia jeshi, usianze na kuuliza aliogopa nini. Uliza aliambiwa anyamaze kuhusu nini. Mtu anaweza kuvumilia njaa, na risasi, na matope, ilimradi anaamini kwamba akianguka atatajwa jina. Ukimfanya awadanganye wajane wa rafiki zake, siku hiyo umeshamfukuza, hata kama bado amevaa buti. Na wewe ukiwa mkubwa wa watu, hata watu watatu wa kubeba matofali, usiwaombe waseme uongo mlangoni kwa mtu.

Kesho nenda kwa Bahati. Usimwombe msamaha kwa hotuba, atatahayari. Kaa kwenye benchi, nyolewa, lipa bei kamili kwa mara moja katika maisha yako. Watu wakiondoka, muulize nani alibaki huko nyuma yake. Akinyamaza, nyamaza naye. Akisema, sikiliza mpaka mwisho, maana pengine kuna mwanamke mahali fulani amepaka hina, na Bahati ndiye anayejua.

Nenda sasa, nami nakuombea. Mungu akupe kazi isiyokudai ufiche kifo cha mtu. Akupe rafiki mwenye chandarua cheupe. Akutembeze mbali na akurudishe, na kama hakukurudisha, basi asikose mtu mmoja, hata mgeni, hata asiyejua sala zetu, wa kuja mpaka mlangoni kwetu akasimama na kubisha.

Ukitoka acha mlango wazi hivyo hivyo. Nimeuzoea.